Stelingi Aliyegeuka Adui

Kwenye vibanda vya video vya Runzewe kulikuwa na sheria moja ambayo hata mtoto wa darasa la pili aliijua: stelingi hafi. Atapigwa risasi ya bega, ataangukia mtoni, ataachwa porini bila maji, lakini dakika za mwisho utamwona anatoka kwenye moshi, shati limechanika. Anayekufa ni adui, na anakufa mwishoni, na akifa banda zima linasimama.

Nilikuwa na miaka kama kumi na miwili, na wakati huo bado tuko mkoa wa Shinyanga (mkoa wa Geita ulikuja 2012), pale nilipoona filamu moja iliyotuchanganya. Banda lilikuwa la maturubai na mabua, jenereta linaunguruma nyuma, na jamaa mwenye kipaza sauti anatutafsiria. Hakuwa Lufufu, ambaye kanda zake zilisambaa nchi nzima, alikuwa Lufufu wetu wa kijijini. Filamu ilihusu mamluki wa Kizungu wanaorushwa na ndege hadi nchi moja ya Afrika kumwokoa kiongozi aliyepinduliwa. Wanamwokoa. Wanakimbilia uwanja wa ndege. Ndege inakuja kuwachukua, inakaribia kabisa kutua, halafu inapaa tena na kuwaacha pale pale.

Kumbe huko London kuna mzee mmoja, suti nzuri, mvi safi, ndiye aliyewatuma. Na wakati wao wanapigwa risasi, yeye kaelewana na serikali ile ile aliyokuwa anataka kuiangusha. Amepata alichokuwa anakitaka tangu mwanzo, yaani machimbo ya shaba. Mateka hana kazi tena, na mamluki pia hawana kazi.

Mchimbaji aliyekaa mbele yangu, suruali imejaa vumbi jeupe la karasha, akapaza sauti: "Huyo ndiye mwenye leseni!" Banda likacheka, kicheko kile cha watu wanaomjua anayesemwa. Filamu ilipofika mwisho, kamanda wa mamluki alipomfuata yule mzee nyumbani kwake London na kummaliza, makelele yalisikika mpaka stendi.

Mzee yule hakushika bunduki hata mara moja. Hakukimbia, hakutoka jasho. Ndiyo maana sikumsahau.

Miaka mingi baadaye, nikiwa nimeshamaliza chuo na kuanza uandishi wa habari, nilikaa usiku mmoja na kompyuta nikatazama filamu ya 1950 ya King Solomon's Mines. Sababu yangu ilikuwa kitabu. Nilitaka kuandika juu ya Mashimo ya Mfalme Sulemani, ile tafsiri ya Kiswahili ya riwaya ya H. Rider Haggard, na nikaona nitazame na filamu ili nisije nikaulizwa. Akatokea Allan Quatermain, mwindaji mrefu, mkavu, mvi zimeanza kwenye panja. Nikasema, huyu mtu namjua. Nikaenda kwenye orodha ya waigizaji. Stewart Granger. Nikatafuta orodha ya waigizaji wa ile filamu ya mamluki, The Wild Geese, ya 1978. Sir Edward Matherson, mwenye benki: Stewart Granger.

Stelingi wa mashimo na adui wa machimbo, mtu mmoja. Tangu siku ile nimekuwa nikiifuatilia kazi ya Granger kwa jicho la mtu aliyezaliwa kwenye dhahabu, na nimeona kitu ambacho wanaoandika juu yake hawakitaji sana, kwamba kila baada ya miaka kadhaa Hollywood ilimrudisha mtu huyu machimboni, na kila mara alisimama mbali kidogo zaidi na shimo lenyewe.

Nianze na kitabu, maana bila kitabu hakuna filamu. Haggard alikwenda Afrika Kusini mwaka 1875, kijana mdogo wa ofisi za kikoloni, wakati almasi za Kimberley zimeshawatia watu kichaa. Riwaya ilitoka 1885. Kiswahili kiliipata mwaka 1929 kupitia Frederick Johnson, Mwingereza yule yule ambaye baadaye aliongoza kazi ya kamusi ya Kiswahili sanifu. Kwa miongo mingi ilisomwa shuleni. Nakala niliyoisoma mimi ilikuwa ya baba mdogo, haina jalada, kurasa za mwanzo zimeliwa na mchwa, kwa hiyo kwa muda mrefu nilidhani hadithi inaanza katikati ya jangwa.

Leo mtafsiri angeandika "migodi". Johnson aliandika "mashimo", na kwa mtu wa kwetu tofauti hiyo si ndogo. Mgodi una uzio, geti, mlinzi na barabara ya lami inayoingia ndani. Shimo ni lako wewe na wenzako watatu, kamba, tochi ya kichwani, nyundo na moko. Tunaliita duara pia, hata kama si la duara. Ukisema "migodi ya Mfalme Sulemani" mimi naona kampuni. Ukisema "mashimo", namwona mtu anashuka. Sijui kama Johnson alilipima hilo, pengine lilikuwa tu neno lililokuwa mkononi, lakini lilituingiza sisi kwenye kitabu ambacho Haggard hakutuandikia.

Sasa mwigizaji. Alizaliwa London tarehe 6 Mei 1913, na jina lake halisi ni James Stewart. Alipoingia kwenye sinema, Marekani tayari ilikuwa na James Stewart wake, nyota mkubwa, kwa hiyo huyu akajibatiza Stewart Granger. Alianzia jukwaani. Vita vilipokuja akaingia jeshini, kikosi cha Waskoti cha Black Watch, wakamrudisha kwa sababu ya vidonda vya tumbo. Mwaka 1943 akatokea kwenye The Man in Grey pamoja na James Mason, filamu ya mapenzi na mavazi ya kale, na wanawake wa Uingereza waliochoshwa na mabomu na kadi za chakula wakampenda kupita kiasi. Zikafuata nyingine za aina hiyo hiyo. Mwenyewe alizidharau. Tabia hiyo ya kudharau kazi zake hakuiacha hadi uzeeni.

Kilichombadilishia maisha ni safari ya kuja huku. Studio ya MGM ilikuwa inataka kuitengeneza riwaya ya Haggard kwa rangi, na si kwenye mabanda ya California yenye migomba ya plastiki. Walimfikiria kwanza Errol Flynn, mfalme wa filamu za mapanga enzi zile. Flynn akachagua filamu nyingine ya studio hiyo hiyo, Kim, na nafasi ikamwangukia Granger. Ukiwa na bahati ya namna hiyo machimboni wanasema umekanyaga jiwe.

Mwishoni mwa 1949 msafara ukaanza: Kenya, Tanganyika, Uganda kwenye maporomoko ya Murchison, Kongo ya Wabelgiji, hadi Ruanda-Urundi. Nikiitazama ramani, napata wivu wa ajabu. Watu wale walizunguka eneo letu lote, kutoka mashariki mpaka magharibi ya ziwa, miaka michache tu baada ya vita, wakiwa na kamera za rangi ambazo kila moja ilihitaji watu kadhaa kuibeba. Waongozaji walikuwa wawili, Compton Bennett na Andrew Marton. Mpiga picha Robert Surtees alirudi na Oscar, na wahariri nao wakapata yao. Filamu yenyewe ilishindania ile tuzo kubwa ya filamu bora ya mwaka, ikashindwa na All About Eve.

Jambo moja linaifanya isizeeke vibaya kama wenzake, nalo ni kwamba haina muziki wa okestra. Hakuna vinanda vinavyokuambia sasa ogopa, sasa penda. Unasikia ngoma, nyimbo, wadudu, miguu ya wanyama. Kwa sinema ya Marekani ya 1950 huo ulikuwa uamuzi wa kijasiri.

Na jambo moja linaifanya iwe ngumu kuitazama. Mwanzoni kabisa tembo anapigwa risasi, na si tembo wa maigizo. Anaanguka kweli, na wenzake wanakuja kumsukuma kwa pembe na mikonga, wanajaribu kumwinua. Quatermain wa Granger anaonyeshwa kama mtu aliyechoshwa na kazi hiyo ya kuwaulia matajiri wanyama. Anachoka mbele ya mzoga wa kweli. Nilisimamisha filamu hapo, nikaenda kuchemsha chai.

Granger mwenyewe ni mzuri kwenye filamu ile, tena mzuri kuliko alivyokuwa tayari kukubali. Hatabasamu sana. Anamjibu Deborah Kerr kwa ufupi wa mtu aliyezoea kuongea na wapagazi na punda. Mhusika huyo wa kike, kwa taarifa yako, hayumo kwenye riwaya kabisa. Quatermain wa Haggard hata anajisifu kwamba hadithi yake karibu haina wanawake. Hollywood isingeweza kumwuza Granger bila mwanamke wa kumtazama, kwa hiyo aliyepotea akabadilishwa kutoka ndugu wa Sir Henry kuwa mume wa Elizabeth, na mashimo ya mfalme yakawa njia ya kwenda kwenye busu.

Kuna waigizaji wengine ambao jina lao lilipita haraka. Aliyemwigiza Umbopa, mfalme aliyejificha kama mpagazi, anaitwa Siriaque. Khiva ni Kimursi. Mfalme Twala ni Baziga. Kwenye orodha kila mmoja kaandikwa jina moja, halafu kabila: huyu wa Watutsi, yule wa Wakipsigis. Granger hakuandikwa "Stewart wa kabila la Waingereza". Siriaque anaingia akiwa mrefu kuliko stelingi mwenyewe, anatembea polepole, na kila anaposimama karibu na Granger jicho linakwenda kwake. Huyo ndiye angekuwa nyota, kama studio ingekuwa inatafuta nyota upande huo.

Picha zao ziliendelea kufanya kazi bila wao. MGM ilikuwa imebaki na mikanda mingi sana ya wanyama, misafara na wacheza ngoma wa Rwanda, ikaanza kuikata na kuiuza tena. Mwaka 1959 ikatoa Watusi, filamu nyingine juu ya mashimo yale yale, na mwaka huo huo ikaichota tena kwa ajili ya Tarzan, the Ape Man. Fikiria: 1959 ndio mwaka aliofariki Mwami Mutara Rudahigwa, na mwezi Novemba nchi ikaingia kwenye mauaji na wakimbizi wakaanza kumiminika kwa majirani, Tanganyika ikiwemo. Kwenye kumbi za Marekani wacheza ngoma wake walikuwa bado wanarukaruka kwa furaha ya 1950. Mpaka 1973 mikanda hiyo ilikuwa bado inaonekana kwenye Trader Horn.

Granger alivuna vizuri. Akawa na mkataba wa miaka saba wa MGM, akamwoa Jean Simmons mwaka ule ule wa 1950, na 1952 akatoa filamu mbili zinazompa jina hadi leo kwa wapenzi wa mapanga, Scaramouche na The Prisoner of Zenda. Pambano la mwisho la Scaramouche, ndani ya ukumbi wa tamthilia, linazidi dakika sita: wanapigana kwenye kingo za roshani, ngazini, juu ya viti, jukwaani. Kama una mpenzi wa filamu za kungfu nyumbani anayedai Wazungu hawajui kupigana, mwekee hiyo unyamaze.

Lakini mimi nilikuwa namfuatilia machimboni. Mwaka 1954 yumo Kolombia kwenye Green Fire, mhandisi anayetafuta zumaridi kwenye mgodi wa kale, na mwongozaji ni yule yule Andrew Marton. Hapa hashuki shimoni kumtafuta mtu. Anachimba kwa faida, na kifusi chake kinautishia mto na shamba la kahawa la jirani, ambaye ni Grace Kelly. Filamu si nzuri, hata kidogo. Ila nilikaa nayo hadi mwisho kwa sababu ya hicho kifusi. Nani alikuwa ameonyesha kwamba kinachotoka shimoni lazima kiende mahali, na kwamba mahali hapo pana mtu? Kwetu maji ya mialo yenye zebaki nayo yanakwenda mahali.

Mwaka 1960 akaenda kwenye dhahabu kabisa, North to Alaska, akiwa mshirika wa John Wayne. Wamepata jiwe, wamekuwa matajiri, na tapeli mmoja anakuja na karatasi kudai eneo lao. Ni filamu ya vichekesho, watu wanapigana matopeni kama watoto, lakini mgogoro wake ni wa kila siku Katoro na Nyarugusu: nani aliandikisha eneo kwanza, na karatasi ya nani ina mhuri. Wayne akatoka hapo akaja Tanganyika kupiga Hatari! na Howard Hawks kule Momella, pamoja na Mjerumani Hardy Krüger, aliyeipenda Momella hadi akanunua shamba na kukaa. Krüger mkumbuke, atarudi.

Miaka ya sitini haikuwa rafiki wa Granger. Ndoa na Simmons ilivunjika, studio hazikuwa tena na haja na wanaume wa upanga, akahamia Ulaya kupiga filamu popote zilipopatikana: akawa Lutu wa Biblia kwenye Sodom and Gomorrah (na hata huko watu wake wanagundua chumvi ardhini!), akawa mtu wa ng'ombe Old Surehand kwenye filamu tatu za Kijerumani. Katikati ya hayo, 1967, akarudi Kenya.

The Last Safari ilitokana na riwaya ya Gerald Hanley, Mwairishi aliyeishi Afrika Mashariki na kuijua, na iliongozwa na Henry Hathaway, yule wa North to Alaska. Granger ni mwindaji Gilchrist, mzee, amechoshwa na watalii, anamfuata tembo aliyemuua rafiki yake. Ni Quatermain miaka 17 baadaye. Kenya ilikuwa na uhuru wake tangu 1963, na mwaka 1977 ingepiga marufuku uwindaji kabisa. Filamu haikupata watazamaji wengi na wahakiki waliipita juu juu. Mimi naiweka juu kuliko nyingi zake. Mvi za mwaka 1950 zilikuwa pambo, sasa ni mvi kweli, na mtu aliyewahi kuongoza msafara mzima anamkuta kijana tajiri wa Kimarekani anamfuata nyuma na pesa zake, hafukuziki. Ukiijua ile ya kwanza, hii inauma.

Ndipo ikaja 1978. The Wild Geese ilipigwa Afrika Kusini, ikiwa na Richard Burton, Roger Moore, Richard Harris, na yule Krüger wa Momella. Wote hao wanakimbia vichakani wakitoka jasho, na Krüger anakufa amembeba mgongoni kiongozi Mwafrika, anayeigizwa na Winston Ntshona. Granger peke yake kapewa kiti cha kukaa. Ana dakika chache tu. Anaongea taratibu, adabu zote za Kiingereza, sauti ile ile iliyokuwa inawaambia wapagazi wa 1950 wapite wapi.

Sisemi mwongozaji Andrew McLaglen alipanga haya. Inawezekana alitaka tu jina kubwa kwa bei nafuu. Lakini weka filamu hizo kwa mfuatano: 1950 anaingia shimoni kwa mguu, 1954 anasimamia wanaochimba, 1960 anagombania karatasi, 1978 anaandikiana machimbo akiwa London, hajawahi kuyaona. Filamu za hazina zilitufundisha kumtazama anayeshuka. Huyu mtu, bila kukusudia, alituonyesha na yule anayebaki juu, na kwa sababu tulishampenda akiwa chini, ilituchukua muda kumtambua.

Granger alifariki Santa Monica tarehe 16 Agosti 1993, akiwa na miaka 80. Kitabu cha maisha yake alikitoa 1981 kwa jina la Sparks Fly Upward, maneno ya kitabu cha Ayubu, pale panaposemwa mtu huzaliwa apate mashaka kama cheche zirukavyo juu. Kwa mtu aliyesema hana filamu hata moja ya kujivunia, alijua kuchagua jina.

Nilipokwenda nyumbani likizo iliyopita nilimtafuta mwenye banda. Banda halipo, sasa ana kibanda cha kuchaji simu na uwakala wa kutuma pesa, barabarani kabisa. Nikamwekea kwenye simu kipande cha Quatermain wa 1950.

"Mzee, unamkumbuka huyu?"

Akavaa miwani. Akatazama muda mrefu, mteja anasubiri. "Si ndiye yule bosi wa shaba? Mbona kijana?"

Nikamsimulia kitabu, maana filamu aliiona ndefu. Nikamwambia Quatermain anatoka shimoni na mifuko ya almasi, ila Umbopa, akishakuwa mfalme, anaapa kwamba Wazungu wengine wakija kutafuta mawe, atatuma jeshi lake likalifukie shimo, mtu asifike tena.

"Alifukie?" Akavua miwani. "Na mawe bado yamo?"

"Yamo, mzee."

Akatikisa kichwa, akamgeukia mteja wake, akamhesabia chenji.